Kujifunza kupika Vietnam: tafuta jiko linalolisha watu wake

SWALI

Assalamu alaykum. Mimi ni mkazi wa Mtwara, biashara yangu ni korosho. Mwezi wa Nne nasafiri kwenda Jiji la Ho Chi Minh kuonana na wanunuzi wetu, na kazi ikiisha nitabaki na siku 5 zangu mwenyewe. Natamani kujifunza kupika chakula cha Kivietnam, kile wanachokula majumbani mwao. Madarasa ni mengi na kila moja linajisifu. Nichague vipi? Mimi ni Mwislamu, nguruwe na pombe sigusi. Na nikirudi nyumbani nitaweza kukipika kweli, au nitabaki na picha tu?

JIBU

Waalaykumu salaam, dada yangu. Nianze na swali lako la mwisho, maana ndilo linaloamua mengine yote. Ndiyo, utaweza kukipika, tena wewe wa pwani kuliko wengi. Nazi unayo, ndimu unayo. Ukwaju, tangawizi, mchaichai, pilipili manga, kambare, dagaa na uduvi vyote viko sokoni kwako. Wali unakula tangu utotoni. Kitakachokukwamisha, usipokipata hukohuko, ni kimoja tu: kuonja kwa ulimi wao. Hicho hakimo kwenye karatasi ya mapishi wanayokupa wakati wa kuagana. Ni cha kupokea kwa mtu mkiwa mmesimama naye jikoni. Kwa hiyo usichague darasa kwa kuangalia orodha ya vyakula. Mchague mtu.

Kivietnam kina maneno mawili yanayokaribiana sana, nêm na nếm. La kwanza ni kukoleza, la pili ni kuonja. Kinachoyatenganisha ni sauti inavyopanda tu, na watu huyaunganisha wakasema nêm nếm kana kwamba ni kazi moja. Jikoni ni kazi moja kweli. Mpishi wa nyumbani kule hana habari na vijiko vya kupimia. Anatia kidogo, anaonja, anatia tena, mpaka aseme vừa ăn, yaani imefika mahali pa kuliwa.

Mimi nafundisha mapishi Tanga, na Vietnam nimekwenda kujifunza mara 3. Mara ya kwanza nililipia darasa lililosifiwa sana katika mji wa watalii. Tulikuwa watu 22. Kila mmoja alikuta vibakuli vimeshapangwa mbele yake: kitunguu kimekatwa, nyama imekolezwa, mchuzi wa kuchovya umechanganywa tayari. Kazi yetu ikawa kugeuzageuza karaini na kupiga picha. Tulipika vyakula 5 kwa saa 3, na niliporudi hotelini hakukuwa na hata kimoja ambacho ningeweza kukirudia peke yangu.

Mara ya pili nilikwenda Cần Thơ, kwenye delta ya mto Mekong, nikapokewa na mama mmoja nyumbani kwake. Alinifundisha vyakula viwili tu. Alinikabidhi kisu na kitunguu saumu, akaniambia nitengeneze mchuzi wa kuchovya. Nikatengeneza. Akachovya ncha ya kijiti, akaonja, akatikisa kichwa, akanisogezea ndimu. Nikaongeza. Akaonja tena, akasogeza sukari. Tulikwenda hivyo mara 7, mkwe wake akinitafsiria neno mojamoja, mpaka yule mama akatabasamu na kufunika bakuli. Mchuzi ule naupika hadi leo bila kuangalia popote.

Sasa kabla hujalipa, andika ujumbe uulize. Tutakuwa wangapi? Wakizidi 8, achana nao. Nani anakata na kutwanga? Wakikujibu kuwa kila kitu kitakuwa tayari, hapo huendi kupika, unakwenda kutazama. Nyumba hiyo mnaishi? Swali ninalolipenda kuliko yote ni hili: siku hiyo nyumbani kwenu mtakula nini? Anayepikia watu wake atakujibu kuwa inategemea sokoni kuna nini, au atakutajia mlo mmoja wa kawaida kabisa. Anayekutumia orodha ndefu isiyobadilika anauza burudani. Burudani si vibaya, ila siyo uliyoomba.

Darasa la nusu siku, pamoja na kwenda sokoni, mara nyingi huwa kati ya dola 25 na 50 kwa mtu mmoja, na la peke yako na mwenyeji huzidi hapo. Lipia la peke yako kama mfuko unaruhusu. Utaulizwa pia kama unataka kujifunza phở, ile supu ya tambi za mchele inayojulikana dunia nzima. Nakushauri usiichague. Mchuzi wake huchemshwa na mifupa kwa saa nyingi, na darasani watakupa uliokwisha chemshwa. Wavietnam wenyewe wengi huila mtaani asubuhi. Nawe kaile mtaani, ni tamu mno. Ukienda jikoni omba mlo wa nyumbani.

Mlo huo wanauita mâm cơm. Mâm ni sinia, cơm ni wali uliopikwa. Neno hilohilo cơm ndilo wanalolitumia kwa maana ya chakula kwa jumla, kwa hiyo mtu aliyekwisha kula amekula cơm. Kwenye sinia kuna wali mweupe, mchuzi mwepesi wanaouita canh, kitu kimoja chenye chumvi kali, mboga za majani, na katikati kibakuli cha kuchovya ambacho wote wanachangia. Hakuna sahani ya mtu binafsi iliyopakuliwa kila kitu. Kila mmoja ana bakuli lake la wali na anachukua kidogokidogo kutoka katikati. Ukikuta darasa ambalo mwisho wake mnakaa kula sinia kamili pamoja na mwenyeji, umepata.

Kwa kuwa utakuwa kusini, omba hivi: canh chua, cá kho tộ, na rau muống, mboga ya majani ya jamii ya matembele, ya kukaanga kwa kitunguu saumu. Huo ni mlo wa kusini hasa, na kwa bahati njema ni wa samaki na mboga, kwa hiyo nusu ya wasiwasi wako wa halali unaondoka hapohapo.

Canh chua maana yake mchuzi mchachu. Ndani yake kuna ukwaju, nanasi, nyanya, bamia, samaki, chipukizi za choroko na bua la jamii ya magimbi lenye vitundu kama sponji. Nilipoiona mara ya kwanza nilishangaa kukuta bamia na nanasi chungu kimoja, lakini ukwaju unavipatanisha. Juu yake hunyunyizwa mmea wa mashamba ya mpunga unaoitwa ngò om, wenye harufu ya ndimu na bizari nyembamba. Huo hutaupata Mtwara. Mimi hutia giligilani na bizari nyembamba chembe chache mno, na ninaridhika.

Cá kho tộ ni samaki aliyepikwa chunguni kwa sukari iliyounguzwa, na hapa nitakaa kidogo kwa sababu ndipo wanafunzi wangu wengi huharibu. Weka chungu kwenye moto mdogo, tia sukari vijiko 2 na mafuta kijiko 1. Usikoroge, tikisa chungu tu. Sukari itayeyuka iwe rangi ya asali, kisha ya chai ya rangi, kisha kahawia ya tende mbivu. Moshi mwembamba ukianza kuinuka, mimina maji ya dafu papo hapo, na ukae mbali kidogo kwa kuwa itafoka. Ukiwahi mno utapata utamu mtupu. Ukichelewa hata kwa kuhesabu mpaka 10, uchungu wake hautoki tena, mwaga uanze upya. Kisha panga vipande vya kambare vilivyolala dakika 20 kwenye nước mắm (maji ya dagaa na chumvi, nitayaeleza punde), pilipili manga na vitunguu vidogo vyekundu. Maji ya dafu yafike nusu ya samaki, funika, na uache kwenye moto mdogo dakika 30 hadi 40, mpaka mchuzi uwe mzito wa kushika kijiko.

Ukimwonja samaki huyo peke yake utasema amezidi chumvi. Usimpunguzie. Wali wao haupikwi kwa chumvi, wala mafuta, wala tui. Ni mchele na maji. Kipande kidogo cha samaki kinabeba bakuli zima la wali, na canh inasafisha mdomo kati ya tonge na tonge. Sisi wa pwani tumezoea wali wenye chumvi na nazi, ndiyo maana tukipika chakula chao nyumbani kila kitu kinazidi. Ukiwa darasani onja kila kitu pamoja na wali mkavu, na mwambie mwalimu wako unafanya hivyo kwa nini. Atafurahi.

Nimeitaja nước mắm kwa kifupi tu, nayo ndiyo roho ya jiko lao. Ni maji yanayotoka kwa dagaa wa baharini waliovundikwa na chumvi kwenye mapipa, takriban mwaka mzima, kwa kawaida dagaa sehemu 3 kwa chumvi sehemu 1. Inayosifiwa sana hutoka kisiwa cha Phú Quốc, ambacho jina lake kwenye bidhaa hiyo limelindwa na Umoja wa Ulaya tangu 2012, na mji wa pwani wa Phan Thiết. Ukinunua chupa soma nyuma: nzuri ina samaki na chumvi basi. Halafu tafuta tarakimu iliyoandikwa độ đạm. Ni kipimo cha naitrojeni, gramu kwa lita, na kadiri inavyopanda ndivyo ladha inavyokuwa nzito. Ya 30 hadi 40 ni nzuri sana kwa kuchovya. Harufu yake isikutishe, umekua karibu na ng'onda na papa mkavu.

Mchuzi wa kuchovya, nước chấm, huanzia hapo. Yeyusha sukari vijiko 2 vya chakula kwenye maji ya uvuguvugu vijiko 6, tia ndimu vijiko 2, kisha nước mắm vijiko 2. Kitunguu saumu na pilipili, vimekatwa vidogo kabisa, vitiwe mwisho ili vielee juu. Kibakuli ambacho vimezama chini wenyewe huona hakijatengenezwa vizuri. Vipimo hivi ni mlango tu. Kusini wanapenda utamu zaidi, kaskazini wanaupunguza, na kila nyumba ina yake. Mwombe mwalimu akuache uutengeneze wewe mwanzo mpaka mwisho, yeye aonje tu.

Kuhusu halali, usitosheke na kusema "sili nguruwe" kwa Kiingereza. Andika kwenye karatasi: Tôi không ăn thịt heo, không mỡ heo, không rượu. Maana yake sili nyama ya nguruwe, wala mafuta ya nguruwe, wala pombe. Hayo mafuta ndiyo yanayosahaulika, kwani wapo wanaoyatumia kukaangia mboga, na mwenyeji anaweza kudhani umezungumzia nyama peke yake. Ukipanda kaskazini, Hanoi, badilisha heo iwe lợn, ndivyo wanavyosema huko. Omba karai iliyooshwa upya na mafuta ya mimea, na usione haya, maana wamezoea wageni wenye miiko.

Neno lingine la kukusaidia ni chay, chakula kisicho na nyama wala samaki. Wabudha wengi hula chay tarehe 1 na 15 za mwezi wa mwandamo, na siku hizo hata vibanda vya kawaida hukipika. Ukiona hali ya nyama huielewi, sema chay upumzike. Kuku na ng'ombe ni suala la machinjo, kwa hiyo mimi huwaacha mpaka niwe kwa Waislamu. Nao wapo. Msikiti wa mtaa wa Đông Du katikati ya Jiji la Ho Chi Minh umejengwa tangu 1935 na Waislamu waliotoka India, na karibu yake utakuta migahawa ya halali. Na kama utakubali safari ya karibu saa 6 kwa basi, nenda Châu Đốc katika mkoa wa An Giang, mpakani na Kambodia. Ng'ambo ya mto wanaishi Wacham, Waislamu wenye misikiti yao na jiko lao, pamoja na soseji ya ng'ombe inayoitwa tung lò mò. Huko sijui mtu wa pwani asiyejisikia nyumbani: adhana, kanga, sijui niseme vitambaa vya kiunoni, na tui la nazi kwenye mchuzi.

Siku 5 zinatosha, ila usizitawanye. Hội An, katikati ya nchi, ni mji mzuri, na kijiji chake cha mboga cha Trà Quế, ambako bustani hurutubishwa kwa majani ya mtoni, kinavutia kweli. Lakini utalazimika kupanda ndege mpaka jiji la jirani la Đà Nẵng, na siku mbili zitakwenda njiani. Kaa kusini. Darasa la kwanza lifanye siku ya kwanza, hapohapo jijini, ili siku zinazobaki ule ukiwa unaelewa unachokula. Kisha panda basi uende Cần Thơ, safari ya saa 3 au 4, ukafanye la pili kwenye nyumba ya familia, na upike mlo uleule. Najua inaonekana hasara kulipia chakula kimoja mara mbili. Lakini jiko la pili ndilo litakaloonyesha kipi ni kanuni na kipi ni mazoea ya mpishi wa kwanza. Ukipanga tarehe, epuka 30 Aprili na 1 Mei, ni sikukuu zao na watu wengi wanasafiri.

Sokoni nendeni mapema, kabla ya saa 1 asubuhi, jua la mwezi huo ni kali. Usijishughulishe na bei wala picha. Mtazame mwalimu mikono: anavyobonyeza jicho la samaki, anavyovunja bua la mchaichai na kunusa. Sisi mchaichai tunatumia majani kwenye chai. Wao wanataka sehemu nyeupe ya chini, wanaipondaponda au kuikatakata laini. Rau muống utaijua kwa majani, ni jamii moja na matembele, na matembele yako ya Mtwara yatashika nafasi yake vizuri sana. Kila jani usilolijua mwombe aliandike kwa mkono wake kwenye daftari lako.

Kwa heshima hutapata taabu, kwa sababu wanaitana kama sisi. Kivietnam hakina "wewe" moja ya kumwambia kila mtu. Unamwita mtu dada, kaka, shangazi, mjomba kulingana na umri. Mwalimu wako mwite cô, ambalo ni shangazi na pia mwalimu wa kike. Akikuzidi kidogo tu, chị, dada mkubwa. Ukitaka kumwita kwa sauti ongeza ơi mwishoni: cô ơi! Vua viatu mlangoni, peleka matunda, na ukipewa kitu pokea kwa mikono miwili. Mezani bakuli la wali linashikwa mkono wa kushoto na kuinuliwa, vijiti viko kulia, kwa hiyo mkono unaokula ni uleule wetu. Vijiti usivisimamishe ndani ya wali, vinafanana na udi unaochomwa kwa ajili ya wafu. Na kabla ya kula, hasa kwa watu wa kaskazini, mdogo huwakaribisha wakubwa kwa neno mời. Sema mời cô, uone uso wake.

Ukirudi, nước mắm usiitie kwenye begi bila kuuliza. Mashirika ya ndege yana masharti makali juu yake kwa sababu ya harufu chupa ikipasuka, na mengine hayaipokei kabisa. Ikishindikana, maduka ya vyakula vya Kiasia Dar es Salaam huuza ya Thailand, nayo inafaa. Ila ionje kwanza, kwa kuwa chumvi hutofautiana, na vipimo nilivyokupa juu huenda vikataka maji zaidi. Pika mlo huo ndani ya wiki ya kwanza, na uanze na nước chấm kabla ya kuwasha moto wowote. Ukishafika pale ulipoonjeshwa na mwalimu wako, ndipo uteleke wali.